Basi la Kumpeleka Mwalimu Kwao

Mheshimiwa Mkurugenzi wa Elimu wa kaunti yetu ndogo, Mwenyekiti wa Halmashauri ya Shule, Mzee Kipngetich, Mwalimu Mkuu wetu, Bwana Kigen, Mchungaji, uliyetufungulia siku kwa maombi, Mzee Hiram Muigai, uliyetoka Nyeri kuja kumchukua dada yako, wazazi wa Kibomet, na ninyi mliopanda kutoka Myanga na Lwakhakha jua likiwa bado limelala, ndugu wageni waalikwa, walimu wenzangu, akina mama wa jikoni, ambao harufu ya kazi yenu inashindana na hotuba zetu na inashinda, na wasichana wangu mlioketi kwenye nyasi: hamjambo? Hamjambo tena? Ahaa, sasa nimewasikia.

Kwa wale wasionijua, mimi ni Linet Mukhisa, Naibu wa Mwalimu Mkuu na mwalimu wa bayolojia. Kabla ya hapo nilikuwa msichana wa Myanga aliyeletwa katika shule hii na sanduku la bati na godoro jembamba, akilia. Aliyenipokea langoni ni yule mama aliyekaa pale mbele, mwenye kitenge cha buluu, anayejifanya kutafuta kitu ndani ya mkoba ili tusimwone macho. Mwalimu Nyaruai, tumekuona. Funga mkoba.

Ratiba inasema kwamba mimi nimepanda hapa ili nimuage. Naomba niseme mapema, kabla kipaza sauti hakijaanza tabia zake, kwamba sikupanda kumuaga. Nimepanda na ombi, na ombi lenyewe ni gumu, na kwa sababu hiyo mtanivumilia nikizunguka kidogo kabla sijalifikia.

Mnaijua desturi yetu. Mwalimu akistaafu hatumwachi aondoke na mkoba wake kama mtu aliyefukuzwa. Tunamsindikiza mpaka mlangoni kwake, kwa nyimbo, kwa zawadi, kwa mbuzi kama yupo, ili watu wa kwao wajue kwamba tuliishi naye vizuri. Ni desturi nzuri. Kamati ya sherehe imeifuata kwa moyo wote. Wamekodi basi, lile la kijani pale nje, na Bwana Kiptum, dereva, amekwisha kuligeuza uso uelekee barabara kubwa. Tukimaliza kula tunapanda, na usiku tutakuwa Nyeri. Zawadi mmeziona pia: masanduku mawili makubwa ya safari, yenye magurudumu. Kamati, mlifikiria sana. Mlifikiria mpaka mkapita mahali.

Kwa maana hakuna aliyemuuliza Mwalimu kwao ni wapi. Mlisikia jina Nyaruai, mlisikia jina Muigai, mkasema ni majina ya Nyeri, mkakodi basi.

Sasa niache hapo kidogo, nirudi darasani, kwa sababu huyu mama hajulikani vizuri mpaka umeketi mbele yake akiwa na chaki.

Mada aliyoipenda kuliko zote ni ile ya mageuko, na hasa swali hili: imekuwaje kiumbe fulani akabobea katika jambo moja, mahali pamoja, mpaka ukimwona unadhani alikatwa kwa kipimo cha mahali pale? Alikuwa akitupandisha mlimani Elgon, sweta juu ya sweta, kwenda kumwangalia chozi, yule ndege mdogo anayeng'aa, mwenye mdomo mrefu uliopinda. Tunakaa kimya kwenye baridi, meno yanagongana. Ndege anakuja, anatumbukiza mdomo kwenye ua lenye koo ndefu, na mdomo unaingia sawasawa, wote, mpaka mwisho. Anauliza: “Nani atanieleza ule mdomo umetoka wapi?”

Na kila mwaka, bila kukosa, yuko msichana mmoja anayenyoosha mkono. Mwaka wangu alikuwa rafiki yangu Cheptoo, ambaye leo ni daktari wa mifugo na yuko hapa chini ya hema, nawaomba msigeuke wote mara moja. Cheptoo akasema, “Madam, si huyo ndege alitaka kufikia ile asali, akawa ananyoosha, ananyoosha, mpaka mdomo ukawa mrefu?”

Mungu wangu. Mwalimu Nyaruai ni mpole, lakini neno “alitaka”, kwa Kiingereza au kwa Kiswahili, lilimtoa upole wote. Alimsimamisha Cheptoo juu ya jiwe. Akamwambia, “Haya mama. Unyooshe kidole. Sasa taka kiwe kirefu. Taka kabisa, kwa moyo.” Cheptoo wa watu akataka. Sisi tukila mihogo yetu, yeye anataka. Tukashuka mlima bado anaambiwa atake. Tulipofika kwenye lori Mwalimu akaja akakipima kidole kile kwa macho, akamkumbatia, akasema, “Umeona? Kutaka hakuongezi mfupa.”

Kisha akatueleza, na mimi leo nawaeleza wanafunzi wangu kwa maneno yake, sina mengine bora. Vifaranga wa chozi hawazaliwi sawa, kama vile nyinyi na ndugu zenu hamkuzaliwa sawa. Huyu mdomo wake umezidi kidogo, yule umepungua kidogo, na hakuna aliyeomba. Mahali penye maua ya koo ndefu, aliyezidi kidogo anashiba na mwenzake analala njaa. Aliyeshiba analea watoto, na watoto wanarithi mdomo wa mzazi. Rudia hivyo mwaka baada ya mwaka, zaidi ya miaka ambayo ukoo wowote unaweza kuihesabu, na mahali penyewe pamechagua. Ndege hakuchagua. Na mwisho yuko ndege ambaye kwa ua lile hana mpinzani, lakini ukimpa punje ngumu ya mtama anaitazama tu. Mshika mawili moja humponyoka. Amelishika ua, punje imemponyoka.

Wako wazazi waliokuja shuleni kwa sababu ya somo hilo. Nakumbuka, kwa kuwa nilikuwa kiranja na ndimi niliyepeleka chai. Walikuja wakiwa wamekasirika, wakauliza kama mwanakwaya wa kanisa anaweza kufundisha mambo haya na Jumapili aimbe sauti ya kwanza. Mwalimu aliwaacha wakaongea wakamaliza. Kisha akawajibu kwa sauti ile ile ya kumbembelezea mtoto: “Mimi namwamini Mungu. Ila Mungu ninayemwamini hana haraka.” Mchungaji, naona unatabasamu. Wale wazazi walikunywa chai, na binti zao wote walibaki na somo.

Lakini chozi yuko mbali, na kwenda mlimani kunahitaji lori. Mwalimu alitaka kitu ambacho msichana wa Trans-Nzoia hawezi kusema hakijui. Akachagua mahindi. Si haya ya mfuko wa dukani, ambayo kila Machi unanunua upya; mahindi ya kienyeji, yenye rangi mchanganyiko, yaliyotoka gunia moja. Akaligawa gunia mara mbili. Nusu aliipanda hapa Kibomet, kwenye kile kishamba nyuma ya maabara. Nusu ya pili alinipa mimi, nilipofunga shule, nimpelekee mama yangu mzazi kule Myanga. Mama Phanice, simama wakuone. Mama yangu huyo.

Mama alipewa sheria moja: usiyapende, usiyachukie. Panda, palilia, na mbegu ya mwaka ujao itoke kwa mihindi iliyozaa vizuri shambani mwako, basi. Mama aliyazungushia miwa ili chavua ya jirani isiingie. Huku Kibomet, ambako hakuna mahali pasipo na mahindi, mpaka kando ya makaburi, wasichana walikuwa wakiivika mihindi mifuko ya kaki, chavua ipelekwe kwa mkono. Kila Julai ukipita nyuma ya maabara ungedhani mihindi imeenda harusini. Na kila mhindi uliofanya vizuri, Mwalimu alikuwa akiufunga uzi mwekundu, uzi wa sweta ya shule iliyochakaa. Uzi mwekundu maana yake: huu usiguswe na mchomaji wala mchemshaji. Huu ni mbegu.

Miaka ikaenda. Mimi nikamaliza shule, nikaenda chuo, nikarudi hapa na chaki yangu. Mahindi bado yanapandwa, huku kwa baridi na ukungu, kule kwa joto na mvua isiyodumu. Ndipo mwaka mmoja Mwalimu akasema, sasa tubadilishane. Mbegu ya Myanga ije Kibomet, ya Kibomet iende Myanga. Kumbukeni, ni gunia moja. Ni ndugu.

Mama aliponipigia simu alikuwa anacheka na kusikitika pamoja. Mahindi ya Kibomet yalikuwa yamesimama shambani kwake marefu, ya kijani, yamejaa majivuno, na mvua imekwisha, na hayajabeba kitu. Yalipobeba, yalikuwa mapengo matupu. Huku kwetu ya Myanga yalifanya haraka yake ya kule, yakakomaa mvua ingali inamwagika, yakaozea kwenye maganda. Wasichana walikuwa wameyalea, na yuko mmoja aliyetokwa na machozi. Aliuliza, “Madam, kwani yamesahau kwao?”

Mwalimu aliokota hindi moja lililooza, akalifuta tope kwa kiganja cha mkono wake. Akasema, “Hayajasahau. Kwao kumekuwa pale yalipopandwa.”

Nililisikia neno hilo kama somo la bayolojia. Nililiandika ubaoni darasa lililofuata, nikatoa zoezi. Sikujua kwamba alikuwa anasema habari zake mwenyewe.

Ndugu wageni, mzee Muigai, baba yake Mwalimu na Mzee Hiram, alikuja Trans-Nzoia kijana, akafanya kazi ya kuendesha trekta, akapata shamba dogo, akaoa. Hiram, mtoto wa kwanza, alipelekwa Nyeri kwa nyanya yake kusoma, akakulia huko, na huko ndiko kwake kwa haki kabisa. Nyaruai alizaliwa hapa Kitale. Kitovu chake kilizikwa hapa. Anajua kusalimia Kibukusu kuliko baadhi yetu tuliozaliwa nacho, na Kisabaoti chake kinatosha kumkosoa Bwana Kigen, naye anajua. Mume wake amelala makaburi ya Kibomet. Nyumba yake, ile ya mabati mekundu na ua wa mikaratusi, iko nyuma ya shule hii. Ukisimama kwenye jukwaa hili na mtu mrefu asikuzibe, unaliona paa.

Sasa tangu mwaka huu uanze, kila mtu amekuwa akimuuliza swali moja, kwa upendo, kwa heshima zote. Chumba cha walimu: “Mwalimu, unarudi lini kwenu?” Dukani: “Mama, tutakukosa, huko kwenu kuna baridi kama hapa?” Kanisani wamekwisha kumpa mtu mwingine sauti ya kwanza. Fundi aliyekuja kuziba paa lake alimuuliza ya nini kuziba na anaondoka. Hakuna hata mmoja aliyekuwa na nia mbaya, na hilo ndilo linaloniuma. Hata wewe, Mwenyekiti wetu, Mzee Kipngetich, umetuambia sasa hivi hapa kwamba mwacha asili ni mtumwa, na kwamba ni vizuri mtu kuzeekea kwao. Mzee, nakuheshimu kama baba. Lakini naomba nikuulize, kama vile yeye angeuliza: asili ya mahindi ni wapi? Babu zao mahindi walivuka bahari kuja huku. Na yuko mtu hapa ambaye anaweza kunionyesha kitu cha Kitale zaidi ya hindi?

Na kuna methali nyingine, ambayo haikutumika leo. Mgeni siku mbili. Siku ya tatu mpe jembe. Huyu alishika jembe kabla wengi wetu hatujaota meno. Tunamwita mgeni kwa hesabu gani?

Mwezi uliopita nilikwenda kwake jioni nikamkuta anafunga vyombo kwenye magazeti. Sikuamini. Nilimuuliza ni nani amemlazimisha. Akasema hakuna, kaka yake amempigia simu kwa upendo, amemwandalia chumba chenye jua, naye amekubali. Nikamuuliza kama anataka kwenda. Aliendelea kufunga vikombe. Kisha akasema: “Linet, mtu akiulizwa habari za safari kila siku, mwisho huanza kutafuta viatu.”

Nilirudi nyumbani nikalia, na sioni haya kuwaambia.

Mzee Hiram, usinielewe vibaya. Wewe peke yako katika watu wote hawa ndiye uliyesema “njoo”. Sisi tulikuwa tunasema “unaenda lini”. Angekosaje kukufuata? Nakushukuru kwa kile chumba. Nakushukuru kwamba umekuja mwenyewe na fimbo yako, na goti lako linalokusumbua.

Na wewe, Mwalimu wangu, najua unavyonitazama. Unataka kunikosoa. Unataka kusema, Linet, umechanganya mada, mtu si hindi. Kweli kabisa. Hindi haliwezi kujifunza. Wewe ukienda Nyeri hutanyauka. Utapata kanisa, utapata watoto wa jirani wa kuwasumbua na maswali, na baada ya msimu mmoja watakuwa wanakuita Mwalimu. Sikuombi ubaki kwa sababu huwezi kuishi kwingine. Ningekuwa nakudanganya, na ulinifundisha nisidanganye kwa kutumia sayansi.

Nakuomba ubaki kwa sababu ya lile neno ulilotukataza. Chozi hakutaka. Ua halikutaka. Mahindi hayakutaka, huku wala Myanga. Lakini sisi ni watu, Mwalimu, na watu wanaweza kutaka, na sisi tunakutaka wewe. Cheptoo anakutaka, na hataki kidole. Mama yangu anakutaka, ambaye hajawahi kukaa darasani kwako na ameitunza mbegu yako kuliko kuku wake. Hawa wasichana wa kwenye nyasi wanakutaka. Mimi nakutaka, nimekutaka tangu siku uliponipokea pale langoni na godoro langu, ukaniambia hapa hakuna mtu wa Myanga wala wa wapi, hapa kuna kidato cha kwanza. Tulipaswa kukuambia mwaka mzima. Hatukukuambia, tukakodi basi.

Sasa nimalizie, maana naona akina mama wa jikoni wameanza kusimama na sufuria.

Asubuhi hii, nikija kazini, nilipita kando ya ua wa nyumba yako. Vyombo vimefungwa, ndiyo, nimeviona barazani. Mapazia yametolewa. Lakini nilichungulia kishamba chako, na mahindi bado yamesimama. Na kwenye mihindi kadhaa, kule upande wa chini ambako ukungu hukaa sana, nimeona uzi mwekundu. Mpya. Haujapauka. Umefungwa kwa fundo lako lile la kuzungusha mara mbili.

Mwalimu, mbegu ni ya Machi. Mtu anayeondoka leo na basi hachagui mbegu ya kupanda Machi. Ulimfungia nani ule uzi?

Usijibu kama hutaki. Nitanyamaza kidogo ninywe maji.

Naam? Ongea, Mwalimu, wasichana nyamazeni.

Kwa wale wa nyuma ambao hawakusikia, Mwalimu amesema hakumfungia mtu, mikono yake ilifunga tu. Na amesema kwamba hata hivyo yale mahindi hayajakauka vizuri, mvua ya jioni bado ipo, na hawezi kuyaacha shambani yaoze.

Amesema pia kwamba niache kulia mbele ya Mkurugenzi.

Mheshimiwa Mkurugenzi, nisamehe. Mzee Hiram, naona umemshika dada yako mkono na unacheka. Basi nachukua kwamba kile chumba chenye jua atakitembelea Krismasi, na wewe utakuja tupande wote Machi. Kamati, masanduku msirudishe. Yana kufuli nzuri, panya hawaingii, tutawekea mbegu: la kushoto Kibomet, la kulia Myanga. Bwana Kiptum, wewe zima injini uje ule. Desturi yetu inasema mwalimu asindikizwe mpaka mlangoni kwake, na itafuatwa leo kama ilivyo, kwa nyimbo na kwa mbuzi. Ni vile tu mlango wenyewe uko hapo nyuma, kupitia kile kijia cha kando ya maabara, na goti la Mzee Hiram linaweza kuufikia polepole.

Namshukuru Mungu asiye na haraka. Nawashukuru ninyi nyote mlionipa masikio yenu kwa muda wote huu. Sasa nawaomba miguu. Twendeni tumpeleke Mwalimu kwao.